Bibi Lillian Gish na Herufi Nyekundu



Safari hii tunawaletea maisha ya mchezaji wa sinema. Twajua wako kati yetu watakaokunja uso, kwa maana wengi tulilelewa na kuambiwa kuwa sinema ni mambo ya dunia, na kwamba gari la sinema likija kijijini Mkristo mwema hukaa nyumbani akalala mapema. Lakini mama huyu, Bibi Lillian Gish wa Marekani, alikuwa Mwanglikana kama sisi, na miaka mia moja hivi iliyopita alifanya jambo ambalo hatujapata kusikia mchezaji mwingine akilifanya. Aliwaandikia barua viongozi wa makanisa na wa vyama vya akina mama, akawaomba wamruhusu kutengeneza picha juu ya mwanamke aliyezini, naye akaliweka jina lake mwenyewe kuwa dhamana. Wakamkubalia. Jina hilohilo, miaka mingi baada ya kufa kwake, lilikuja kung'olewa ukutani mbele ya watu kwa ajili ya picha nyingine. Basi habari yetu ni hiyo: mwanamke aliyeonyesha aibu ya mwenzake kwa huruma, na aibu yake mwenyewe ambayo hakuiona.

Alizaliwa tarehe 14 Oktoba 1893 katika mji wa Springfield, jimbo la Ohio. Baba yake, James Gish, alikuwa mlevi asiyedumu katika kazi, na mwishowe aliiacha nyumba yake. Mama, Mary, akabaki na binti wawili wadogo, Lillian na Dorothy, bila shamba wala mshahara. Siku zile mwanamke wa heshima hakuwa na njia nyingi za kupata riziki. Mary aliingia katika michezo ya jukwaani, na kwa kuwa kazi hiyo ilihesabiwa kuwa ya watu ovyo, alitumia jina lingine ili jamaa zake wasiaibike. Lillian naye alipandishwa jukwaani akiwa na umri wa miaka minane au tisa hivi. Walisafiri kwa treni mji hata mji, mara nyingine mama huku na mtoto kule, wakilala popote penye nafasi. Shule hakuipata sawasawa. Alichokipata ni mama mcha Mungu aliyewafundisha sala, usafi, na kutunza senti, na hayo alikwenda nayo mpaka uzee wake. Tunalitaja jambo hili la jina la bandia mapema, maana utaona jinsi hofu ya aibu ilivyomtangulia mtoto huyu tangu hajajua kusoma vizuri.

Mwaka 1912 Lillian na Dorothy walikwenda New York kumtembelea rafiki yao wa utotoni, Gladys Smith, ambaye dunia ilikuja kumjua kwa jina la Mary Pickford. Wakamkuta kazini kwa mtengenezaji wa picha mmoja aitwaye D. W. Griffith. Huyo alipowaona wasichana wale wawili aliwachukua siku ileile, na kwa kuwa alishindwa kuwatofautisha, mmoja akafungwa utepe wa buluu na mwingine mwekundu. Picha za siku zile zilikuwa bubu. Mchezaji hakusikika hata neno moja. Maneno machache yaliandikwa na kuonyeshwa katikati ya picha, na mtu wa piano aliketi karibu na pazia akipiga kufuatana na mambo yalivyo. Kwa hiyo kila kitu kilitegemea uso na mikono. Lillian alikuwa na uso mwembamba na macho makubwa, na alijifunza kuyatumia hata watu wakalia ukumbini bila kuambiwa walie.

Hapa hatuna budi kusema jambo lisilopendeza, wala hatutalipita haraka. Mwaka 1915 Griffith alitoa picha ndefu kuliko zote zilizopata kutengenezwa nchini mwake hadi hapo, iitwayo The Birth of a Nation. Ilitokana na kitabu cha Thomas Dixon, mtu ambaye (na hili linatuuma) alipata kuwa mchungaji. Ndani yake watu weusi waliotoka utumwani wanaonyeshwa kama wajinga na wakali wenye tamaa ya wanawake wa Kizungu. Wakubwa kati ya hao weusi hata hawakuchezwa na weusi, bali na Wazungu waliojipaka masizi. Na Ku Klux Klan, wale wauaji waliovaa mashuka, wanaonyeshwa kama mashujaa wanaokuja kuokoa nchi. Binti anayeokolewa mwishoni mikononi mwa mtu wa damu iliyochanganyika ni Lillian Gish.

Alikuwa na miaka 21 tu. Lakini picha ile haikuwa mchezo wa watoto. Ilionyeshwa Ikulu kwa Rais Wilson. Chama cha NAACP, kilichoanzishwa mwaka 1909 kutetea haki za watu weusi, kilijaribu kuizuia mji baada ya mji. Huko Boston mwandishi wa gazeti William Monroe Trotter alikamatwa mlangoni pa ukumbi akiipinga. Mwishoni mwa mwaka uleule Ku Klux Klan, iliyokuwa imekufa zamani, ilifufuliwa kwenye mlima mmoja wa Georgia, na kwa miaka mingi iliitumia picha ile kuvuta wanachama wapya. Watu walipigwa, wakachomwa, wakatundikwa mitini. Sisi tulio weusi hatuwezi kusoma maisha ya mama huyu kana kwamba mwaka 1915 haukuwapo.

Tuendelee. Mwaka 1920 alicheza katika Way Down East, picha ya msichana maskini aliyedanganywa na tajiri kwa ndoa ya uongo. Kasisi alikuwa wa bandia na pete ya bandia. Mimba ikaja, mwanamume akatoweka. Mtoto alizaliwa katika chumba cha kupanga, akawa mahututi, na yule msichana, hana padre wala jirani, akamwaga maji mwenyewe juu ya kichwa cha mtoto na kumbatiza kabla hajafa. Akina mama wa umoja wetu wanajua kuwa kanisa huruhusu jambo hilo penye hatari ya kifo. Twadhani hakuna mama aliyezika mtoto mchanga anayeweza kukitazama kipande kile cha picha akabaki na macho makavu. Baadaye habari inajulikana katika nyumba anakofanya kazi, na mzee wa nyumba anamfukuza usiku katika dhoruba ya theluji. Lakini kabla ya kutoka anamnyoshea kidole yule mwanamume, ambaye ameketi mezani kama mgeni wa heshima, na kuuliza mbona yeye hafukuzwi.

Kisha anaanguka juu ya mto ulioganda. Sisi ambao barafu yetu ni ile ya dukani huenda tusielewe. Mito ya kule huganda wakati wa baridi hata watu wakatembea juu yake, na ikianza kuyeyuka mapande makubwa huchukuliwa na maji, kama magogo yanavyochukuliwa na Katuma wakati wa masika. Lillian alilala juu ya pande la namna hiyo, mtoni kwelikweli, huko Vermont, mara nyingi, siku baada ya siku. Ni yeye aliyetoa shauri kwamba mkono na nywele zake ziachwe zikokotwe majini. Vidole vya mkono ule vilimsumbua mpaka uzeeni.

Baada ya hapo aliachana na Griffith kwa amani, akafanya kazi na kampuni nyingine. Mkuu wake, Charles Duell, alikuwa mwanasheria. Akataka kumwoa, akakataliwa. Mwaka 1925 Duell alimpeleka mahakamani New York, akidai kuwa Lillian amevunja mkataba na hana ruhusa ya kufanya kazi kwa mtu mwingine. Tena akasema mbele ya watu kwamba walikuwa wamechumbiana kwa siri. Magazeti yakajaa. Kila asubuhi waandishi walimngoja wamwone amevaa nini na amekaa vipi, wakaandika hata kwamba alikuwa akitafuna karoti katika chumba cha mahakama, na wasichana mjini wakaanza kutafuna karoti. Mwisho jaji aliitupa kesi, akaamuru Duell ashitakiwe kwa kusema uongo chini ya kiapo. Lillian alishinda. Lakini mwanamke asiyeolewa ambaye mambo yake yamesomwa kwa sauti mbele ya wageni hatoki pale jinsi alivyoingia.

Ni baada ya kesi hiyo ndipo alipotaka kucheza The Scarlet Letter, yaani Herufi Nyekundu.

Kitabu hicho kiliandikwa na Nathaniel Hawthorne mwaka 1850. Hawthorne alitoka Salem, mji ambao mwaka 1692 uliwanyonga watu 19 kwa kuwasingizia uchawi, na mmoja wa mahakimu wa kesi zile alikuwa babu wa babu yake. Jambo lile lilimwelemea maisha yake yote. (Huku kwetu magharibi vikongwe wameuawa kwa sababu macho yao yalikuwa mekundu kwa moshi wa jikoni, kwa hiyo tusidhani kuwa Salem ni mbali.) Habari anayoisimulia ni ya Boston ya zamani zaidi, karne ya 17, mji wa Wapuritani, Wakristo wakali waliotoka Uingereza. Mwanamke aitwaye Hester Prynne, ambaye mume wake hajulikani aliko, anazaa mtoto. Anatolewa gerezani na kusimamishwa jukwaani mtoto akiwa mikononi, na kifuani ameshonewa A nyekundu, herufi ya kwanza ya neno la Kiingereza la uzinzi. Ataivaa siku zote. Wakuu wanamtaka ataje baba wa mtoto. Anakataa. Na anayetumwa amsihi amtaje, mbele ya mji mzima, ni mchungaji kijana anayependwa na wote, Arthur Dimmesdale. Baba wa mtoto ndiye huyo.

Miaka saba Hester anaivaa herufi yake hadharani, anashona nguo za watu, anauguza maskini. Miaka saba Dimmesdale anahubiri, na kadiri anavyojilaumu kwa maneno ya jumla mimbarani ndivyo watu wanavyomwona mtakatifu. Mume wa Hester amerudi kwa siri, anajifanya mganga, anakaa karibu na mchungaji na kumchimba moyo kidogo kidogo. Yule aliyeaibishwa anaendelea kuishi. Yule aliyefichwa anaoza. Mwandishi hakutuhubiria, aliwaweka wale wawili mbele yetu na kutuacha tutazame.

Kitabu kilisomwa mashuleni Marekani kote, na kilikwisha kutengenezwa kuwa picha bubu mara kadhaa. Lakini kufikia miaka ya 1920 makanisa na vyama vya akina mama walikuwa wamechoshwa na sinema za ovyo na kashfa za wachezaji, na kampuni ziliogopa hasira yao. Lillian alipotaja kitabu hiki kwa wakuu wa kampuni yake mpya, Metro-Goldwyn-Mayer, aliambiwa hakiguswi, watu wa dini hawataki. Mzinzi, na mchungaji tena! Wakamwambia kwamba akiweza kuwageuza wao wenyewe, picha itatengenezwa.

Mtu mwingine angenung'unika juu ya ushupavu wa makanisa na kutafuta kitabu kingine. Yeye alichukua kalamu. Aliandika kwa viongozi wa makanisa na kwa akina mama nchini kote, na jibu lililokuja ni hili: katazo litaondolewa, mradi yeye binafsi awajibike kwa picha yote itakavyokuwa. Twaona hapo pande zote mbili zilifanya vizuri. Watu wa kanisa hawakusema mambo ya uzinzi yasisemwe kamwe. Walitaka kujua nani anayasema na kwa moyo gani. Naye hakuwadharau.

Alimchagua mwongozaji mwenyewe, Victor Sjöström wa Sweden. Alifikiri kuwa watu wa Sweden, kwa ukali wa dini yao ya zamani na baridi ya nchi yao, wako karibu na Wapuritani kuliko Wamarekani wa siku zake. Wa kumchezea mchungaji akawa Msweden pia, Lars Hanson. Sasa hapa ndipo ubububu wa sinema ulipofaa. Hanson alisema maneno yake kwa Kisweden na Lillian akajibu kwa Kiingereza, na hakuna mtazamaji aliyejua. Maandishi ya picha yalitungwa na mwanamke, Frances Marion. Mume alichezwa na Henry B. Walthall, ambaye naye alikuwamo katika picha ile ya 1915.

Picha haikufuata kitabu hatua kwa hatua. Kitabu kinaanza mlangoni mwa gereza, dhambi ikiwa imekwisha kutendeka. Picha inaanza kabla. Tunamwona Hester siku ya Sabato, ndege wake mdogo ametoroka tunduni, naye anamkimbilia njiani hali watu wote wanakwenda kanisani. Kwa kosa hilo tu anatiwa miguu katika mkatale, kama Paulo na Sila kule Filipi. Mchungaji anamwonea huruma, na kutoka huruma wakafika walikofika. Vilevile katika picha mchungaji anataka kumwoa, anapoambiwa kuwa yuko mume ndipo mambo yanapoharibika. Na Hester ndiye anayemsihi asikiri, ili kazi yake ya Mungu isivunjike. Wako waliosema kuwa hivyo mchungaji amepunguziwa lawama. Nasi twaona hivyo. Dimmesdale wa kitabu ni mwoga zaidi, na kwa sababu hiyo anatutisha zaidi.

Lakini alipo Lillian hakuna kilichopunguzwa. Nywele zake zimefichwa chini ya kofia nyeupe picha karibu yote, na mara ile moja msituni anapoivua na kuitupa herufi, nywele zikamwagika mabegani, mtazamaji anaelewa mji ule ulimnyima nini. Jukwaani hafanyi ishara kubwa. Hatazami chini kama mwizi, wala hawakazii watu macho kama jeuri. Anamshika mtoto. Twakumbuka kwamba mchezaji huyu alikuwa amekwisha kusimama mbele ya macho ya mji mkubwa mwaka mmoja tu uliopita, hatufikiri kuwa alihitaji kufundishwa. Mwishoni mchungaji anapanda jukwaa lilelile, anaifungua shati yake, na kifuani pana A iliyochomwa katika nyama. Anakufa mikononi mwa Hester.

Picha ilikuwa karibu kumalizika ilipofika simu kutoka London kwamba mama yake Lillian, aliyekuwa huko na Dorothy, amepatwa na kiharusi. Sjöström na watu wake walifanya kazi bila kupumzika ili sehemu zilizobaki ziishe upesi, na Lillian akaondoka mbio kwenda kwa mama. Mary Gish hakupona kabisa. Binti zake walimuuguza mpaka alipofariki mwaka 1948, na Lillian, ambaye wengi walitaka kumwoa, hakuolewa kamwe. Picha ilianza kuonyeshwa Agosti 1926, ikapokewa vizuri. Dhamana yake haikudaiwa.

Nasi tuseme kidogo ya kwetu, maana habari ya herufi nyekundu si ya Boston peke yake. Wazee wa mitaa yetu wanakumbuka desturi. Binti akipata mimba nje ya ndoa alitengwa, akakatazwa Meza ya Bwana, na siku ya kurudishwa alisimama mbele ya kusanyiko lote. Tumbo ndilo lililomshitaki. Yule kijana, au pengine yule mzee mwenye heshima zake, alikuwa ameketi akiimba pamoja na wengine, kwa sababu mwanamume tumbo lake halikui. Mashuleni nako mwanafunzi mwenye mimba alifukuzwa, hata Serikali ilipotangaza Novemba 2021 kwamba anaweza kurudi masomoni baada ya kujifungua. Hatusemi kanisa liache kuonya. Lakini msomaji wa Yohana 8 atajiuliza yule mwanamume wa siku ile alikuwa wapi, na hapa Magamba pia twaweza kujiuliza.

Tumrudie Lillian. Mwaka 1928 alicheza The Wind, tena na Sjöström na Hanson, picha ambayo wengi huiona kuwa bora kuliko zote alizocheza. Lakini nyakati zilikuwa zimegeuka. Sauti imeingia katika sinema, na watu walitaka wachezaji wenye mambo. Kwa maelezo yake mwenyewe, wakuu wa kampuni walimwambia kuwa amekuwa juu mno, safi mno, na wakajitolea kumtungia kashfa ili watu wamtamani tena. Fikirini! Aibu, ambayo mama yake aliikimbia kwa kujibandika jina lingine, na ambayo Hester alivalishwa kwa nguvu, sasa inauzwa kama sabuni. Alikataa, akarudi kwenye michezo ya jukwaani. Mwaka 1936 alicheza Ophelia katika Hamlet pamoja na John Gielgud huko New York.

Miaka iliyofuata tutaipita upesi. Mwaka 1955 alicheza mama mzee mwenye bunduki anayewalinda yatima dhidi ya mhubiri mwuaji, katika The Night of the Hunter. Dorothy alifariki mwaka 1968. Mwaka 1971 Lillian alipewa tuzo ya heshima ya Oscar. Picha yake ya mwisho, The Whales of August, ilitoka mwaka 1987, naye ana miaka 93. Katika uzee alizunguka nchi nyingi akiwaambia vijana kuwa picha bubu si takataka bali ni hazina, na kwamba zinapooza katika makopo yao zimepotea milele. Kazi hiyo ilikuwa njema.

Kila alipokwenda, walimuuliza juu ya Griffith na ile picha ya 1915, na kila mara alimtetea mkubwa wake. Kitabu chake cha maisha, kilichotoka mwaka 1969, kinamweka Griffith hata katika jina lake. Aliona deni lake kwa mtu aliyemfundisha kazi, na shukrani ni kitu chema. Lakini shukrani hiyo ilimfumba macho. Mwanamke aliyeweza kuingia ndani ya moyo wa Hester hata vidole vikatetemeka hakuingia ndani ya moyo wa mama mweusi ambaye mwanawe alitundikwa mtini na watu waliotoka kuitazama picha ile wakishangilia. Miaka 78 ilipita tangu picha ile mpaka kufa kwake. Jukwaa lilikuwapo, wala hakulipanda.

Alifariki usingizini nyumbani kwake New York tarehe 27 Februari 1993, amebakiza miezi michache atimize miaka mia. Alizikwa kutoka Kanisa la Mtakatifu Bartholomayo, la Kanisa la Maaskofu la Marekani, ambalo ni tawi la ushirika wetu wa Anglikana, na majivu yake yamewekwa humo pamoja na ya Dorothy.

Katika jimbo la Ohio, alikozaliwa, Chuo Kikuu cha Bowling Green kilikuwa na ukumbi wa sinema uliopewa jina la dada hawa wawili tangu mwaka 1976. Februari 2019 wanafunzi weusi wa chuo hicho walisema hawawezi kuingia kwa amani chini ya jina la mchezaji wa The Birth of a Nation, na mwezi Mei uongozi wa chuo ukaliondoa. Jina la Dorothy liliondolewa pia, ingawa yeye hakucheza katika picha ile. Wachezaji na waongozaji zaidi ya 50, kati yao James Earl Jones, ambaye alikuwa mtu mweusi, na Martin Scorsese, waliandika kuomba lirudishwe, wakisema si haki kumhukumu mtu wa miaka 75 ya kazi kwa picha moja. Halikurudishwa. Katika ofisi ya gazeti hili maoni yaligawanyika. Wako waliosema kuwa wanafunzi wale nao wameshona herufi kifuani pa maiti. Wengine walijibu kuwa kuondoa jina mlangoni si kumsimamisha mtu jukwaani, na kwamba aliyeumizwa ndiye ajuaye panapouma. Hatukupatana, na tumeona tusijifanye tumepatana.

Kuna jambo moja la mwisho. Bibi Gish aliacha mali yake, akaagiza itolewe tuzo kila mwaka kwa msanii aliyeipa dunia kitu kizuri. Tuzo hiyo, yenye jina la Dorothy na Lillian, ilianza mwaka 1994 na ni ya maelfu mengi ya dola. Mwaka 2010 aliipata Chinua Achebe wa Nigeria, ambaye wengi wetu tulimsoma katika Shujaa Okonkwo. Mwaka 2013 aliipata Spike Lee, mtengenezaji wa picha mweusi, ambaye alipokuwa mwanafunzi mwaka 1980 alitengeneza picha fupi ya kuijibu The Birth of a Nation. Na mwaka 2015 ilikwenda kwa mwanamke mweusi, Suzan-Lori Parks. Miongoni mwa michezo yake ya jukwaani umo mmoja wa mwaka 1999 juu ya mama maskini anayeishi chini ya daraja na watoto watano wa baba watano, na hakuna hata baba mmoja anayekuja kumsaidia. Jina la mama huyo ni Hester.